Siku ya Uvuvi Inapouzwa kwa Bei Moja

Mwaka 2010 nchi nane za Bahari ya Pasifiki, ambazo nyingi kati yake kwenye ramani ya ukutani darasani ni vitone vya kutafutwa kwa kidole, zilikuwa zikipata jumla ya dola za Marekani zipatazo milioni 60 kwa mwaka kutokana na ada za meli za kigeni zinazovua jodari katika maji yao. Haikupita miaka kumi, pato hilo likawa limekaribia dola milioni 500. Samaki hawakuongezeka mara nane katika muda huo, wala nchi hizo hazikununua manowari za kuwatisha wavuvi. Zilikubaliana tu kwamba hakuna hata moja itakayouza siku ya uvuvi chini ya bei iliyopangwa kwa pamoja, kisha zikalishika neno hilo.

Mimi naishi Kigoma, zaidi ya kilomita elfu moja kutoka bahari yoyote, na kazi yangu ni kushika hesabu za kikundi cha wafanyabiashara wa dagaa wanaonunua mwaloni Kibirizi na kupeleka mzigo Dar es Salaam na kwingineko. Habari za ushirikiano wa nchi ndogo za visiwani nilianza kuzisoma kwa udadisi. Niliendelea nazo kwa sababu niliona zinagusa jambo ambalo kikundi chetu kililijaribu kikalishindwa, na ambalo nchi nne zinazolizunguka Ziwa Tanganyika bado zinahangaika nalo: watu wanaomiliki kwa pamoja kitu kisichotulia mahali pamoja wanawezaje kumzuia mnunuzi asiwazungukie mmoja mmoja, akimchukua kila siku yule mwenye shida zaidi?

Kwanza ukubwa wa mali yenyewe. Nchi kavu ya Kiribati haifiki kilomita za mraba 1,000, lakini ukanda wake wa kiuchumi wa bahari ni takriban kilomita za mraba milioni 3.5, yaani zaidi ya mara tatu ya Tanzania nzima, bara na visiwani. Nauru ni kilomita za mraba 21 na watu kama 12,000. Tuvalu ni 26 tu. Haki ya kumiliki rasilimali za bahari hadi maili 200 kutoka pwani ilithibitishwa na Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Sheria ya Bahari wa mwaka 1982, na kwa nchi hizi ilikuwa sawa na kupewa bara zima la maji, tena maji ambamo hupatikana karibu nusu ya jodari wote duniani wa ile aina ndogo inayotiwa makoponi.

Hati ya kumiliki, hata hivyo, haikuleta fedha. Marekani wakati huo ilishikilia kwamba jodari, kwa kuwa anahamahama kutoka maji ya nchi moja hadi nyingine, hawezi kuwa mali ya nchi yoyote ya pwani, na meli zake zikaendelea kuvua bila kuomba ruhusa. Mwaka 1984 Visiwa vya Solomon viliikamata meli moja ya Kimarekani, Jeannette Diana, ikivua ndani ya maji yao. Marekani ilijibu kwa kupiga marufuku kuingiza samaki kutoka Visiwa vya Solomon. Mwaka uliofuata Kiribati ikauza leseni ya mwaka mmoja ya uvuvi kwa Umoja wa Kisovieti, katikati ya vita baridi, na ghafla wakubwa waliokuwa hawana muda wa kuzungumza habari za jodari wakawa nao. Mwaka 1987 mkataba wa uvuvi kati ya Marekani na nchi za visiwa vya Pasifiki ulitiwa saini huko Port Moresby. Sehemu hii ya historia inanifurahisha, nakiri, lakini sidhani kwamba inafaa kuigwa: mbinu ya kumtisha mkubwa mmoja kwa kumwalika mkubwa mwingine hufanya kazi mpaka siku wakubwa wenyewe wanapopatana.

Kilichodumu kilikuwa kimeanza kabla ya hapo bila kishindo. Mwaka 1979 nchi za eneo hilo ziliunda Wakala wa Uvuvi wenye makao yake Honiara, na mojawapo ya kazi zake ikawa kutunza daftari moja la meli zote za kigeni zinazotaka kuvua katika maji ya wanachama. Meli isiyokuwa na hadhi njema katika daftari hilo hainunui leseni kwa yeyote. Mwenye meli aliyekimbia faini kwa mwanachama mmoja, akadhani atavuka mpaka akavue kwa jirani, hukuta jina lake limemtangulia. Mwaka 1982, huko Nauru, nchi zenye jodari wengi zaidi zikatia saini mkataba wao wenyewe ndani ya kundi kubwa: Shirikisho la Mikronesia, Kiribati, Visiwa vya Marshall, Nauru, Palau, Papua New Guinea na Visiwa vya Solomon. Tuvalu ilijiunga nao baadaye. Wenye samaki wachache hawakualikwa, na hilo halikuwa ubaya. Nchi isiyo na kitu cha kuuza haina sababu ya kulinda bei, na ingebaki mkutanoni ikipokea tu.

Kwa robo karne mkataba ule ulizaa matunda ya kadiri tu. Mabadiliko yalikuja mwaka 2007, pale walipoacha kuuza leseni kwa idadi ya meli na kuanza kuuza siku za meli. Kila mwaka wanachama huamua jumla ya siku ambazo meli kubwa, zile zinazozungushia wavu kundi zima la samaki, zinaweza kuvua katika maji yao yote. Idadi hiyo imekuwa ikizunguka kwenye siku 45,000. Kila nchi hupewa fungu lake, na meli inayoingia hukatiwa siku kama vile mtu anavyokatiwa umeme wa luku. Bei ya chini ya siku moja iliwekwa dola 5,000 mwaka 2012, ikapanda hadi 6,000 mwaka 2014 na 8,000 mwaka 2015. Mwaka 2016 Marekani ilitoa taarifa ya kujitoa katika ule mkataba wa 1987 kwa sababu wenye meli walilalamika kwamba gharama imewashinda. Kabla mwaka haujaisha walikuwa wamepatana upya. Samaki walikuwa kule kule, na mlango wa kuingilia ulikuwa mmoja.

Masharti mengine nitayataja kwa haraka, ingawa wataalamu wa mazingira huyapenda kuliko hizo bei. Kila meli ya namna hiyo hubeba mwangalizi anayehesabu kinachopatikana. Kila mwaka kuna kipindi ambacho ni marufuku kuvua kwenye maboya ya kuvutia samaki, kwa sababu maboya hayo hukusanya na wachanga wasiofaa kuvuliwa. Na meli inayotaka leseni ya wanachama hulazimika kukubali isivue katika baadhi ya vipande vya bahari kuu vilivyozungukwa na maji yao. Hilo la mwisho naliona ni la werevu mkubwa: eneo ambalo kisheria si la mtu, wamelilinda kwa kutumia leseni ya eneo lililo lao.

Sasa nieleze kwa nini nasema bei ya chini ni jambo gumu kuliko linavyosomeka. Miaka kadhaa iliyopita kikundi chetu kiliamua kwamba hakuna mwanachama atakayewauzia wanunuzi wa jumla dagaa wakavu chini ya bei fulani kwa kilo. Tuliiandika daftarini, kila mtu akatia saini au dole gumba. Wiki mbili za kwanza ilishika. Kisha dalali mmoja akawa anafika jioni, wakati dagaa wameshaanuliwa kwenye chanja na magunia yameshonwa, haji kwenye mizani ya kikundi, anasimama pembeni ya lori na kumpigia simu mtu mmoja mmoja. Aliyeshusha shilingi mia tano alimaliza mzigo wake usiku ule ule. Asubuhi wengine wote walikuta bei ya soko ni ile ya yule aliyeshusha. Nilipomuuliza mama mmoja, mzee kuliko wengi wetu na mwaminifu katika kila deni, kwa nini ameuza chini ya makubaliano, alinijibu bila hasira, "Mwanangu, bei mmeiandika nyinyi daftarini. Mjukuu wangu anatakiwa kuripoti shule Jumatatu, na shule haipokei daftari." Sikuwa na jibu, kwa sababu makubaliano yetu hayakuwa na jibu. Yalisema bei, hayakusema mwanachama mwenye shida ya Jumatatu afanye nini.

Niliporudi kusoma habari za Pasifiki baada ya hapo, nilikuta kwamba swali la mama yule wao walilishughulikia ndani ya mfumo wenyewe. Siku za meli zinaweza kuhamishwa kutoka mwanachama mmoja kwenda kwa mwingine kwa malipo. Jambo hilo lina maana kubwa kwa sababu jodari hafuati bajeti ya serikali. Katika miaka ya El Niño maji ya joto husogea mashariki na samaki huyafuata, hivyo Kiribati na Tuvalu hufurika meli huku Papua New Guinea ikipungukiwa. Ikija La Niña mambo hugeuka. Kama kila nchi ingefungiwa na fungu lake tu, ile iliyokimbiwa na samaki ingekuwa na siku ambazo hazina mnunuzi na bajeti inayosubiri, na hapo ndipo angetokea wa kumpigia simu pembeni ya lori. Ikiwa inaweza kumuuzia jirani siku zake, haina haja ya kuvunja bei. Kiribati, ambako zaidi ya nusu ya mapato ya serikali hutokana na leseni za uvuvi, isingeweza kuvumilia mwaka mmoja mbaya bila mlango kama huo. Sidai kwamba wanachama hawajawahi kugombana wala kutiliana shaka. Nasema tu kwamba mkataba uliandikwa ukimkumbuka yule aliye katika mwaka mbaya.

Kwa kipimo hicho nimejaribu kuzitazama jumuiya nyingine za visiwa, na nadhani kinaeleza mengi, hasa katika Karibi, ambako majaribio yamekuwa mengi kuliko mahali pengine popote.

Tarehe 3 Januari 1958 makoloni kumi ya Uingereza katika Karibi yaliungana kuwa Shirikisho la West Indies, lenye bunge, gavana mkuu na waziri mkuu, Grantley Adams wa Barbados, na makao yake Port of Spain. Kila mtu aliyeandika hotuba wakati ule aliandika juu ya taifa jipya. Jamaica na Trinidad peke yao zilikuwa na zaidi ya robo tatu ya watu wote, na zaidi ya kilomita 1,500 za bahari kati yao. Viongozi wao wenye nguvu, Norman Manley na Eric Williams, hawakugombea nafasi katika serikali ya shirikisho. Walibaki kwenye serikali za kwao. Serikali ya shirikisho katika miaka yake ya mwanzo haikuwa na mamlaka ya kutoza kodi ya mapato, ikawa inaishi kwa michango, na ugomvi mkubwa ukawa ni nani achangie kiasi gani na nani apate viti vingapi. Visiwa vidogo vilitaka wananchi wao wawe huru kwenda kufanya kazi Trinidad, Trinidad ikahofia kujaa. Jamaica ilikuwa inajenga viwanda vyake na haikutaka forodha ya pamoja ivifungulie ushindani. Septemba 1961 Wajamaika walipiga kura ya maoni, na asilimia kama 54 wakachagua kujitoa. Williams alisema kwamba kumi ukiondoa moja jibu ni sifuri, hesabu ambayo ni mbovu darasani lakini ilikuwa sahihi katika siasa. Mei 1962 shirikisho lilivunjwa. Msomaji wa Afrika Mashariki anayekumbuka mwaka 1977, ilipovunjika Jumuiya ya Afrika Mashariki ya kwanza, hahitaji kuelezwa zaidi jinsi jengo la namna hiyo linavyosikika linapoanguka.

Lakini vile visiwa vidogo kabisa, vilivyoachwa pwani baada ya wakubwa kuondoka, havikuwa na anasa ya kukata tamaa. Mahakama yao Kuu ya Karibi ya Mashariki ipo tangu 1967, na majaji wake wa rufaa husafiri kutoka kisiwa hadi kisiwa kusikiliza kesi. Mwaka 1981, kwa Mkataba wa Basseterre, viliunda Jumuiya ya Nchi za Karibi ya Mashariki. Mwaka 1983 vikafungua benki kuu moja, ambayo sasa ni ya nchi na maeneo manane, kuanzia Antigua na Barbuda hadi Montserrat, ambayo kwa pamoja watu wake hawafiki hata theluthi moja ya watu wa mkoa wa Kigoma. Dola yao imebaki kwenye 2.70 kwa dola moja ya Marekani tangu 1976, kupitia vimbunga, milipuko ya volkano na misukosuko ya mafuta. Mwaka 1986 vilianza kununua dawa za hospitali za serikali kwa pamoja, kwa zabuni moja, kwa kuwa kisiwa chenye watu elfu sabini kikiagiza peke yake hakina sauti mbele ya kiwanda cha dawa, na kikichelewa kulipa hupelekewa mzigo mwisho wa foleni.

Na kwa habari ya mwaka mbaya, Karibi wana mfano ambao naupenda hata kuliko ule wa jodari. Mwaka 2004 kimbunga Ivan kiliipiga Grenada na kuharibu mali yenye thamani ya karibu mara mbili ya pato lake la mwaka mzima. Misaada iliahidiwa, nayo ikaja kwa mwendo wa misaada. Mwaka 2007 nchi za Karibi zikaanzisha mfuko wa bima wa pamoja ambao haungoji mkaguzi aje kuhesabu mabati yaliyopeperuka. Kila nchi hulipa ada yake, na upepo au tetemeko likivuka kipimo kilichokubaliwa, fedha hutoka. Tetemeko la Haiti la Januari 2010 lilipotokea, mfuko ulilipa takriban dola milioni 8 ndani ya wiki mbili. Ukilinganisha na uharibifu wa Port-au-Prince ni tone, lakini ni tone lililofika wakati serikali haina hata mshahara wa kuwalipa askari na wauguzi wake. Kisiwa kimoja kisingepata bima ya namna hiyo kwa bei inayolipika. Kwa kuwa kimbunga kimoja hakivipigi visiwa vyote, vikichanga pamoja bei inashuka.

Karibu nasi zaidi ipo Tume ya Bahari ya Hindi, iliyoanzishwa miaka ya mwanzo ya 1980, yenye Komoro, Madagaska, Morisi, Shelisheli, na Ufaransa kwa ajili ya Réunion. Imefanya kazi nzuri ya doria za pamoja za uvuvi. Hata hivyo, katika kuuza jodari hawajafika walikofika wenzao wa Pasifiki. Madagaska, Morisi na Shelisheli zimeendelea kukaa kila moja peke yake mezani na Umoja wa Ulaya, ambao meli zake ni kati ya wavuvi wakubwa wa bahari hii. Tena Komoro inakaa kwenye tume moja na Ufaransa huku ikiidai Mayotte, kisiwa kilicho chini ya Ufaransa hiyo hiyo. Sitalirefusha hilo, kwa sababu ni mada ya siku nyingine.

Nisije nikaonekana ninawapamba watu wa Pasifiki, niseme kwamba nao nusura wavunjike hivi karibuni. Jukwaa la Visiwa vya Pasifiki lilianzishwa mwaka 1971, kwa sehemu kubwa kwa sababu tume ya kikoloni iliyokuwapo haikuruhusu kuzungumzia siasa wakati Ufaransa inalipua mabomu ya nyuklia katika bahari yao. Kulikuwa na maelewano yasiyoandikwa kwamba ukatibu mkuu ungezunguka kati ya kanda tatu, na mwaka 2021 nchi tano za kanda ya Mikronesia ziliamini ni zamu yao. Kura zikampa Henry Puna wa Visiwa vya Cook, nazo zikatangaza kujitoa. Hoja ya kwamba kura zilihesabiwa kwa haki haikuwatuliza, na kwa kweli haikuwa hoja: Mikronesia walikuwa wakisema kwamba wao, walio mbali zaidi na Suva, mji mkuu wa Fiji yaliko makao ya Jukwaa, na wenye sehemu kubwa ya jodari, wamekuwa wakihesabiwa wageni katika nyumba waliyoijenga. Makubaliano ya Suva ya mwaka 2022 yaliandika zamu na kuigawa ofisi. Kiribati ikajitoa hata hivyo Julai mwaka huo. Januari 2023 waziri mkuu mpya wa Fiji, Sitiveni Rabuka, alisafiri mwenyewe hadi Kiribati kuomba radhi kwa taratibu za mila, na Kiribati ikarudi. Yeyote aliyewahi kukaa kwenye usuluhishi wa ukoo anajua kwamba karatasi iliyosainiwa mjini haitoshi. Mkubwa lazima avuke maji aende kuketi kwenye mkeka wa aliyekwazwa.

Tuje ziwani. Ziwa Tanganyika lina kilomita za mraba zipatazo 32,900. Kongo ina asilimia 45 ya maji yake, Tanzania 41, Burundi 8 na Zambia 6. Dagaa na migebuka hawana uraia. Mkataba wa kulisimamia kwa pamoja ulisainiwa Dar es Salaam mwaka 2003, na Mamlaka ya Ziwa Tanganyika ina makao yake Bujumbura. Lakini zitazame jumuiya za kiuchumi ambamo nchi hizi nne zimo: Jumuiya ya Afrika Mashariki haina Zambia, SADC haina Burundi, na COMESA haina Tanzania tangu ilipojitoa mwaka 2000. Kati ya hizo tatu hakuna hata moja inayozikusanya zote nne mezani. Mfanyabiashara anayetoa mzigo Kigoma kwenda Kalemie, Bujumbura au Mpulungu anashughulika na kanuni tofauti kwa kila bandari ya ziwa hilo hilo moja, na hiyo ndiyo sababu naona mamlaka ile ya ziwa ina uzito kuliko jina lake linavyosikika mitaani.

Tarehe 15 Mei 2024 Tanzania ililifunga ziwa kwa upande wake kwa miezi mitatu, hadi 15 Agosti, ili samaki wazaliane, kwa msimamo uliozungumzwa na nchi jirani. Nia ilikuwa njema na sina shaka kwamba ziwa linahitaji kupumzika. Mwaloni kila mtu anajua jinsi vipe, vyombo vyetu vya kuvulia usiku, vinavyorudi alfajiri na mavuno yasiyolipa mafuta. Pamoja na hayo, tofauti kati yetu na Pasifiki ni ya msingi na haipaswi kufichwa. Wao wakifunga, anayesimama ni meli ya kigeni yenye mtaji, na ada yake imeshaingia hazina. Sisi tukifunga, anayesimama ni baharia wa kipe anayelipwa kwa mgawo wa usiku huo, na mama wa chanja, na kijana wa kubeba magunia. Katika miezi ile swali lililorudiwa kila siku Kibirizi lilikuwa moja, kama wenzetu wa ng'ambo nao wamefunga kweli, na kila taa iliyoonekana mbali usiku ilihesabiwa kuwa ushahidi. Hakuna aliyekuwa na njia ya kuthibitisha wala kukanusha. Kwa mtu ambaye kikoba chake kimekauka, taa ya mbali inatosha kumfanya aingize mtumbwi majini.

Kwa hiyo ninachotaka kichukuliwe kutoka visiwani ni vitu viwili tu. Cha kwanza ni daftari moja la vyombo vya ziwa zima. Mitumbwi na vipe vya upande wetu vina namba ubavuni, lakini namba hizo zinaishia kwenye vitabu vya kwetu. Kipe kilichokamatwa kikivua wakati wa kufunga, au na nyavu zisizoruhusiwa, kingepaswa kukosa leseni katika nchi zote nne, kama meli inavyokosa kule Honiara. Hilo halihitaji fedha nyingi kuliko zinazotumika kwenye semina.

Cha pili ni mfuko wa mwaka mbaya, na huu ndio ninaoutaka zaidi. Kila nchi inatoza leseni na ushuru wa samaki; sehemu ya tozo hizo, ikiwekwa kando kwa miezi tisa, ingeweza kuwakopesha mabaharia na wachakataji katika miezi mitatu ya kufunga, kwa riba ndogo, kupitia vikundi ambavyo tayari vina vitabu. Sisi wenyewe tumeanza kwa kiwango chetu: kila gunia linaloondoka linakatwa shilingi elfu moja, na mwanachama mwenye haja ya haraka anakopeshwa kutoka hapo kwa dhamana ya magunia yake, ili asilazimike kumpokea dalali wa jioni. Bei ya chini imeandikwa tena daftarini, na mpaka sasa imevunjwa mara chache kuliko zamani. Mfuko wetu hauwezi kumlisha baharia wa kipe, kwa sababu yeye si mwanachama na hana gunia la kuweka dhamana. Huyo anahitaji nchi nne, na anahitaji pia tarehe ya kufunga itangazwe mapema na iwe moja kwa ziwa zima, kabla wenye vipe hawajakopa fedha za nyavu za msimu.